Vijidudu vya pipa langu

Jamani, kumbe vijidudu navyo vina ukoo!


Mnajua baada ya harusi ya mjukuu wangu watu walihara damu.
Nikatangaza mwenyewe kwamba ni kisima cha Mama Mbonea, jirani. Nikakiziba kwa miiba. Nani wa kunibishia mimi?

Wageni niliwanywesha kutoka pipa langu, maji ya ndiva, bwawa alilochimba babu yangu. Maji yale hayachemshwi, ni matusi!
Nikawaambia watu wa afya, pimeni na pipa langu mjifunze usafi.

Leo bwana afya kapanda mlima na majibu ya maabara.

"Mzee, vijidudu vya wagonjwa na vya pipa lako ni ukoo mmoja. Vinasaba vinafanana."

"Na vya kisimani?"

"Ukoo mwingine kabisa. Havikuumiza mtu."

Eti mimi!
Mama Mbonea kasimama mbele yangu, mwanawe bado kalazwa hospitali ya Same.

"Shikamoo, baba. Mwanangu alikunywa kwako."

Marahaba yake sijaitikia mpaka sasa.
Ninyi mngemjibu nini?