Msimamizi Aliyekaa Matopeni

Jana niliongezwa kwenye kikundi cha harusi kwenye simu, na mpaka sasa nina hasira. Rafiki yangu anaolewa na amenichagua niwe msimamizi wake. Nilifurahi, sikatai. Halafu yakaja majukumu: rangi ya kucha, viatu vya kisigino kirefu, kubeba simu yake, kuhakikisha bibi harusi hachelewi hata kidogo. Na mwisho kabisa, ati watoto wasije. Wangu bado ananyonya! Nimwachie nani hapa mtaani Shieywe, mwenye nyumba? Nikailaza simu kifudifudi, nikampa mtoto titi, na hapo hapo nikaanza kucheka peke yangu, kwa sababu nilimkumbuka msimamizi wa senje wangu. Yule mama aliijua kazi.

Senje ni dada mdogo wa baba. Mama alikuwa mbali kwa kazi, kwa hiyo niliishi kwa nyanya, nje kidogo ya mji wa Kakamega, na senje ndiye aliyenilea. Alinisuka nywele, alinipakulia obusuma, ugali wetu, ikiwa bado inatoa mvuke, alinifukuza na mwiko akinipata nikidokoa mboga kwenye sufuria. Siku niliposikia anaolewa upande wa Sigalagala nililia mpaka nyanya akaniuliza, "Wewe, kwani kuna mtu amekufa?" Kwangu ilikuwa hivyo hivyo.

Msimamizi alikuwa jirani yetu, mama mnene aliyeuza dagaa wa omena sokoni, sauti yake unaisikia kabla hujamwona. Kazi yake ya kwanza ilikuwa kumfundisha senje kutembea. Usicheke. Kwetu bibi harusi hatembei kama mtu anayewahi sokoni. Mguu unainuka kidogo, unatulia, unashuka. Macho chini, hakuna kutabasamu, na wanaomsindikiza wanayumba naye taratibu kwa wimbo. Ukienda mbio, watu watasema kwenu kulikuwa na njaa. Na senje, jamani, alikuwa mtu wa mbio! Tukienda mtoni nilimfuata nikihema.

Kwa hiyo kila jioni kulikuwa na mazoezi uani, kati ya kuku na kamba za nguo, nyanya akichambua kunde na kutoa makosa.

"Pole pole, wewe! Unakimbilia nini? Huyo mwanaume ataisha?" jirani anauliza.

Senje anacheka, anaruka hatua, anafinywa kiwiko. Nyanya anasema, "Finya tena, hakusikia."

Siku yenyewe, baada ya kanisa, tuliingia njia ya udongo inayopanda kwa kina bwana harusi. Mimi nilipewa kushika mkia wa gauni usiguse vumbi. Harufu ya pilau ilikuwa inatufikia kutoka juu, na bado tulikuwa tunatambaa kama konokono. Hapo ndipo niligundua kwamba mwendo huu uko upande wangu. Kama hatujafika, senje bado ni wetu. Nikaanza kuomba moyoni tusifike.

Msimamizi alinisaidia bila kujua. Aliona kijiwe kidogo tu njiani, akasimama. "Bibi harusi wetu hakanyaganga mawe." Wenyeji wakaleta kuku wa kumbembeleza apite, jiwe likaondolewa. Tukasonga kidogo. "Sasa amechoka." Wakaleta leso, vigelegele vikapasuka. Senje, chini ya mwavuli, alinong'ona, "Dada, tenti ile pale, tufike basi." Alifinywa.

Kisha ikaja mvua. Unaijua mvua ya alasiri ya Kakamega, haikupi hata nafasi ya kuanua nguo. Watu wote wakakimbilia tenti. Wakaanza kutuita kutoka huko, "Kimbieni! Kimbieni!" Senje akakusanya gauni, likanitoka mikononi, akajiandaa kuchomoka. Hapo nikaangua kilio, na haikuwa kwa sababu ya mvua.

Msimamizi alinitazama. Halafu akakaa chini. Katikati ya njia, kwenye matope, na gauni lake jipya la samawati, mkono mmoja bado umeinua mwavuli juu ya senje. Na bibi harusi hampiti msimamizi wake.

Mama ya bwana harusi akaja mbio, amejifunika mfuko wa plastiki kichwani. "Dada, unataka nini tena? Kuku tumetoa, leso tumetoa!"

"Kuku nimeziona," msimamizi akasema. "Huyu mtoto anayelia, mmemwona? Mama yake kule kwetu ndiye huyu mnachukua. Kila shule ikifungwa atakuja kulala kwako. Apikiwe, achapwe akikosea, kama mtoto wa hii boma. Sema, watu wasikie."

"Aje! Aje hata leo! Simama, mama, utapata homa kwangu waseme nimekuua!"

Watu walicheka mpaka wakatoka kwenye tenti. Wanawake wakaingia mvuani na viatu mkononi, wakaimba, wakatuzunguka. Senje akasahau masharti yote ya uso, akacheka meno yote nje, akanishika mkono. Tukaenda. Pole pole! Hata na lile gauni zito la matope, msimamizi hakuongeza mwendo.

Na kweli nilienda, kila likizo. Mama mkwe wa senje alikuwa ananiita "wa matope", akinichinjia ingokho, kuku wa mgeni, na alinichapa vilevile, maana aliahidi. Nililala na watoto wa senje kitanda kimoja, miguu kwa vichwa. Huko ndiko nilikofunzwa kukamua ng'ombe, na huko ndiko nilikotumwa kupeleka matokeo yangu ya mtihani kabla ya mtu mwingine kuyaona.

Siku hizi ile njia ina lami. Harusi ziko kwenye bustani za hoteli, emsii anapiga kelele kwamba muda umekwisha, bibi harusi anapita mbio na maua yake, na wageni wengine hawajakaa hata. Yule mama wa Sigalagala tulishamzika. Sijui kama wanawake wa aina ile waliisha au ni sisi tumeishiwa na muda. Mimi nilikuwa kitoto tu nyuma ya gauni, hakuna aliyeniuliza kama nina la kusema. Mtu mzima alikaa chini mvuani, akawazuia watu wote na pilau yao ikapoa, mpaka ikasemwa kwa sauti kwamba na mimi nina mahali.