Chuma Juu ya Nyumba Yangu

Radi ilipiga mtende wa nyuma ya jiko langu, hapa Manah, Oman, mchana wa mvua. Mtende ulipasuka toka kileleni mpaka kwenye shina, na mbuzi wangu waliofungwa chini yake wakafa papo hapo. Wiki ile ile nikamwita fundi wa Kihindi kutoka Nizwa aniwekee chuma cha kukinga radi juu ya nyumba, na waya mnene wa shaba ushuke ukutani mpaka ardhini. Nimesomesha fizikia skuli ya wasichana mpaka nikastaafu. Sikuwa na la kujiuliza.

Fundi hajateremka ngazi, shemegi yangu kafika. Ni kaka mkubwa wa marehemu mume wangu, mzaliwa wa Unguja kama mimi.

"Shemegi, nini hiki?"

"Chuma cha radi."

"Radi ni amri ya Mungu. Wewe unamwekea Mungu mkuki? Haraam alayki, huna haya!"

"Na presha si amri yake? Mbona vidonge unameza kila asubuhi?"

"Vidonge ni dawa."

"Na hiki dawa ya nyumba. Dua nasoma, na chuma nakiweka."

Ijumaa akaja na wazee wawili wa ukoo. Nikawawekea halwa na kahawa, kisha nikawaeleza niliyokuwa nikiwasomesha wanafunzi wangu: kwamba karne ya kumi na nane, huko Ulaya, wataalamu walipogundua kuwa radi ni umeme, watu wengi walikataa kinga yake. Ngurumo ikianza, walipiga kengele za makanisa kuifukuza, na wapiga kengele wakafa na kamba mkononi, maana minara mirefu ndiyo hupigwa kwanza. Ufaransa mtu mmoja aliweka chuma kama changu, majirani wakamshitaki, akaamriwa akitoe. Hakukubali. Alikwenda mahakama ya juu, akashinda.

"Hao makafiri," akasema shemegi.

"Waliokataa na waliokubali, wote makafiri. Nyinyi mmechagua kuwafuata waliokataa."

Mzee mmoja akainamia kikombe chake kuficha kicheko. Shemegi akasimama.

"Kitoe, au mie sitii tena mguu humu."

"Mlango uko wazi, shemegi. Chuma hakitoki."

Walipoondoka nikakusanya vikombe peke yangu. Mjane asiye na mtoto, ukoo wa mume ndio ukuta wake. Lakini miaka yote ile niliwaambia wasichana wasikubali jambo kwa sababu tu mkubwa kalisema. Ningewatazama vipi nikikutana nao sokoni?

Shemegi hakuja mwaka mzima, hata Idi. Mvua ziliporudi na radi zake, mkewe akaingia kwangu karowa chepe, na wajukuu wote nyuma yake.

"Mwenyewe yuko wapi?" nikamuuliza.

"Kabaki nyumbani. Kasema yeye hahitaji mkuki."

Tukakaa ndani. Nikawafundisha watoto kuhesabu baina ya mmweko na ngurumo, wajue radi iko mbali kiasi gani. Nyumba haikupigwa siku ile, na mpaka leo sijui kama chuma kile kimewahi kufanya kazi. Sijali. Kipo.

Mvua ilipokatika shemegi akaja kuwachukua, akasimama kizingitini.

"Bado hujakitoa?"

"Sijakitoa, wala sikitoi."

Akatazama juu, kisha akawaambia watoto wavae viatu. Mkewe akamjibu kutoka ndani kwamba bado wanakula.