Mji Uliomjua Mama

Baba mdogo alikuwa na desturi moja ambayo ndugu zake wa Muleba walimcheka nayo. Mgeni akifika kwake Bukoba hakuachwa akae barazani akitafuna kahawa mpaka siku ya kurudi. Aliamshwa mapema, akanyweshwa chai, akatembezwa mji mzima hadi miguu iwake moto. Baba mdogo alikuwa msimamizi wa wapagazi gatini. Alikuwa amesilimu alipooa mke wa mjini, na alikaa Kitendaguro katika nyumba ya bati aliyoipaka chokaa mwenyewe. Hakutoka bila mwavuli hata siku isiyo na wingu, maana ndio uliokuwa wa kuonyeshea majengo.

"Wewe umezaliwa huku kwenye migomba," baba alizoea kumchokoza. "Mji umekuwa wako lini?"

"Ni wangu kwa kuwa naujua. Wewe kila kahawa kibanjani kwako unaijua?"

"Naijua."

"Basi nami ni hivyo hivyo."

Mama hakuwa amewahi kufika Bukoba. Miaka hiyo ya Mwingereza, hilo halikuwa jambo la kushangaza. Mwanamke wa kwetu alikuwa na kibanja chake cha migomba na kahawa, watoto wake na kanisa Jumapili, na safari ndefu aliyoijua ni kwenda kusalimia kwao. Lakini mwaka huo mama aliugua homa mbaya wakati wa masika, mpaka tukamwitia padre. Alipopona, amebaki mifupa na macho, baba akasema neno ambalo hatukulitegemea: "Nenda ukautazame mji, upate kuchangamka. Binti yako atakusindikiza."

Binti huyo ni mimi. Nilikuwa nakaribia kumaliza shule kwa masista, na nilipelekwa kwa sababu Kiswahili cha mama kilikuwa cha kuamkia tu. Nilitakiwa niwe sikio lake na mdomo wake.

Tulifika jioni kwa lori la abiria, vumbi jekundu mpaka kwenye kope. Kesho yake asubuhi baba mdogo alikuwa mlangoni na mwavuli wake.

"Shemeji," alisema kwa Kihaya, "leo utaona kila kitu. Tunaanza na meli."

Tulishuka hadi ziwani. Meli ya Mwanza ilikuwa inang'oa nanga, watu wamejaa sitahani, wengine wamejaa gatini, wote wakipunga mikono na kuitana. Mama alisimama akiitazama kama mtu anayetazama nyumba ikitembea. Kisha naye akainua mkono akapunga.

"Unampungia nani, mae?" nilimuuliza mama huku nacheka.

"Sijui. Wote wanapunga."

Hapo mpagazi mmoja aliyebeba gunia tupu begani alipita mbele yetu, akasimama, akamtazama mama, kisha akaitazama meli.

"Mama, wewe si nimekupandishia mzigo sasa hivi?"

Nilimtafsiria mama. Baba mdogo alimwambia mpagazi kwamba usingizi haujamtoka, na mtu yule akaenda zake huku akigeuka nyuma. Sisi tulicheka. Baba mdogo akauelekeza mwavuli kwenye kisiwa cha Musira, lile jiwe kubwa lililo mbele ya mji, akatueleza kuwa zamani watu waliokataliwa na kwao walipelekwa kule wakaachwa. Meli ilipita kando ya kisiwa, ikawa ndogo.

Kutoka hapo tulitembea. Tuliona majengo ya Wajerumani yenye kuta nene, tukaona boma na bendera yake, na askari aliyesimama mlangoni bila kupepesa macho. Tuliona maghala ya kahawa, ambako harufu ilitufuata hata tulipoyaacha mbali. Baba mdogo alieleza kila kitu, nani alijenga, nani alifia wapi, mvua gani iliezua paa lipi. Mama aliuliza maswali ya mkulima: ndizi za kulisha watu wote hawa hutoka wapi? Maji machafu huenda wapi?

Kwenye duka la Mhindi mmoja mwenye vitambaa, tuliingia ili mama aguse tu. Mama mzazi wa mwenye duka, bibi kizee aliyevaa nguo nyeupe, alikuwa ameketi kwenye kiti cha chini karibu na mlango. Alimwona mama, akapiga mikono pamoja.

"Imekuacha!" alisema kwa Kiswahili chake cha dukani. "Mimi nasema jana, wewe lala karibu na gati. Sasa meli imekuacha."

Nilitafsiri. Mama hakucheka safari hii. Alimsogelea yule bibi, akainama ili aonekane vizuri, akaniambia, "Mwambie mimi ni wa Muleba. Mwambie nimefika jana usiku ulipokuwa unaingia."

Nikamwambia. Bibi kizee alimtazama mama muda mrefu, usoni, mikononi, tena usoni. Akainuka kwa shida, akaenda chumba cha ndani, asitoke tena. Mwanawe akatuomba radhi, akasema mama yake ni mzee. Lakini naye, nilimwona, hakuwa akimtazama mama machoni.

Huko nje wadudu wa ziwani walikuwa wameinuka. Kutoka juu ya maji walikuja kama moshi wa nyasi mbichi, wakatuingia puani na masikioni, na jua likawa la rangi ya chai. Watu walifunga madirisha. Barabara ikawa kimya ghafla. Baba mdogo alifungua mwavuli, tukajibana chini yake watu watatu, na kwa mara ya kwanza siku hiyo hakuwa na la kueleza.

"Kuna mtu anafanana nami hapa," mama alisema.

"Duniani wawili wawili, shemeji."

"Lakini wote wanamjua, isipokuwa wewe unayeujua mji."

Baba mdogo alitupitisha njia ya mkato, mtaa wa Waswahili, ili turudi Kitendaguro tukapumzike. Nadhani alitaka kuifupisha siku. Wadudu walikuwa wameanza kutawanyika. Tulipofika kwenye nyumba ndefu ya udongo yenye vyumba vya kupanga, mtoto wa kike, mdogo bado, alichomoka kivulini akapiga kelele, "Bibi! Bibi karudi!" Akaikumbatia miguu ya mama kwa nguvu zote, uso ameuficha ndani ya vazi lake. Mama aliweka mkono kichwani pake.

Kisha mtoto alinusa. Nilimwona akinusa, mara moja na mara ya pili, kama mbuzi anusavyo mtoto asiye wake. Mikono yake ikalegea. Aliinua uso polepole, akarudi kinyumenyume mpaka mgongo ukagonga ukuta.

"Siye huyu," alisema. Akaanza kulia, si kilio cha kitoto cha kutaka kubebwa, bali kilio cha chini chini, bila kutuondolea macho.

Kilio hicho kilimtoa nje mwenye nyumba, mwanamke wa makamo mwenye kanga kichwani, ambaye babu zake walitoka pwani. Alipomwona mama alishika mwimo wa mlango na kutaja jina la Mungu. Baba mdogo alimwamkia kwa adabu, akamweleza sisi ni akina nani. Mwenye nyumba alisikiliza hadi mwisho, kisha akasema, "Karibuni ndani. Mambo haya hayasemwi barabarani."

Alitupeleka kwenye chumba cha mwisho. Kilikuwa kitupu, kimefagiliwa, isipokuwa kitanda cha kamba na nyasi zilizotandazwa sakafuni, mbichi bado, jinsi tunavyotandaza sisi Wahaya. Akasema aliyekaa humo alikuwa msusi wa mikeka. Mtaani walimwita Mama Mikeka na jina jingine hawakulijua. Amekaa miaka mingi, peke yake. Asubuhi ile walimuaga, wakalia, akaenda kupanda meli.

Mama alikuwa amesimama katikati ya chumba. Sikumwona akitafuta kitu. Alinyoosha mkono tu, kama mtu aliye jikoni kwake, akaupeleka juu nyuma ya mwimo wa mlango, mahali palipokuwa giza, akashusha kisu cha kumenyea ndizi.

Mwenye nyumba alisema hata yeye hakujua kama kuna kisu hapo.

"Shemeji, nani kakuambia?" baba mdogo aliuliza, na sauti yake ilikuwa imepanda.

"Hakuna. Mimi huweka hapo."

Ilikuwa kweli. Kwetu Muleba kisu chake kilikaa nyuma ya mwimo, juu, ili watoto tusikifikie. Alikitazama mkononi, kisha akakirudisha alipokitoa.

"Muulize alisema kwao ni wapi," mama aliniambia.

Mwenye nyumba alijibu, nami nikawa natafsiri sentensi baada ya sentensi, na jasho linanitoka. "Alisema kwao ni upande wa Ihangiro, huko huko kwenu Muleba. Lakini alisema kwao walishamzika. Mimi nikadhani ni hasira tu, kama mtu aliyegombana na nduguze. Masika hii aliugua homa, tukadhani tunamzika sisi. Alipopona hakuwa yule yule. Akasema hawezi kukaa tena mji huu."

"Kwa nini?" mama aliuliza.

"Alisema kuna mtu anakuja, na hataki kukutana naye."

Nilipolitafsiri hilo, mama aliketi juu ya nyasi. Baba mdogo alisema upesi kwamba atauliza Mwanza, anawajua mabaharia, meli itarudi, mtu hapotei hivi hivi. Mama alimwacha amalize.

"Usimfuate," alisema. "Amenikimbia. Nilikuwa pale anapoondoka, nikampungia mkono, na huenda aliniona."

Hatukuendelea na matembezi. Baba mdogo alikuwa bado hajatuonyesha kanisa la Bunena lililo juu ya majabali, wala uwanja wa ndege, lakini hakuvitaja.

Tuliporudi Muleba mama hakupitia nyumbani. Tuliteremka kwenye lori, tukashika njia ya kwao moja kwa moja. Bibi, mzaa mama, alikuwa akipalilia maharage kati ya migomba. Mama hakumwamkia kwanza, jambo ambalo sikuwahi kuliona maishani mwangu.

"Nilizaliwa pamoja na nani?" alimuuliza.

Bibi aliweka jembe chini. Hakujifanya hajaelewa. Alisema mama alizaliwa mwaka wa vita vya Wajerumani na Waingereza, wa kike wawili, na njaa ilikuwa kali, na maziwa hayakutosha. Mama mkwe wake alimchukua mmoja, aliyekuwa mnyonge, akasema anampeleka kwa mganga. Jioni alirudi mikono mitupu, ina udongo, akamwonyesha bibi kituta kidogo kando ya mpaka wa kibanja.

"Ulimwona?" mama aliuliza.

"Mwanangu, nilionyeshwa udongo. Nililia juu ya udongo. Ungeniambia nifukue?"

Wakaenda wote wawili hadi kwenye mpaka. Mimi niliambiwa nibaki. Niliwaona wamesimama pale kwenye mti wa mpakani, bibi akielekeza, mama akitazama chini. Hakuna aliyechimba. Upepo ulipita katika migomba, majani yakapigana kama watu wanaonong'onezana, nami niliogopa kwa namna ambayo mpaka leo nikiwa peke yangu kibanjani huinuka nikaingia ndani.

Baba mdogo, licha ya kukatazwa, aliuliza. Mabaharia waliahidi kutazama. Mwanza hakupatikana msusi wa mikeka mwenye sura hiyo, wala kwenye bandari za njiani. Mama hakumuuliza hata mara moja alichosikia. Lakini alikuwa na tabia mpya: aliweza kuacha kumenya ndizi, akatega kichwa kama mtu anayeitwa kutoka mbali, kisha akaendelea.

Ilipita miaka. Nilikuwa tayari mwalimu, nimerudi likizo. Siku moja, jua likiwa juu, mama alitoka shambani kabla ya wenzake. Alinawa, akavua shanga, akaketi sakafuni miguu ameinyoosha. Akaanza kulia kilio kile cha msiba ambacho kila mtu wa kwetu anakitambua hata akiwa ng'ambo ya bonde.

Baba alikuja mbio. "Nani kafa?"

"Dada yangu."

"Nani kakuletea habari?"

"Hakuna," mama alisema.

Baba alisimama pale akimtazama. Nilingoja aseme hakuna msiba usio na habari. Badala yake aliingia ndani, akatoa kiti chake, akakiweka uani kama afanyavyo mwenye msiba. Jirani walikuja. Walileta ndizi, kuni na pombe ya rubisi, kama wanavyofanya kwa msiba wowote, na walioijua hadithi wakawanong'oneza wasioijua. Bibi aliletwa amebebwa, maana alikuwa hawezi tena kutembea. Aliketi kando ya mama, akalia kwa sauti kubwa kuliko wote.

Siku ya pili padre alifika. Alikuwa mtu mpole, hakuuliza maiti iko wapi. Aliuliza tu jina la marehemu, apate kumwombea.

Mama alimtazama bibi. Bibi alitikisa kichwa. Mtoto yule, alisema, alichukuliwa kabla hajapewa jina.

Padre alifikiri kidogo, kisha akapiga magoti juu ya nyasi, akamwombea dada wa huyu mama.