Kitabu cha Viganjani

Mpunga mchanga ukianza kuingia stendi ya Kibiti, harufu ya pepeta hunishika mguu. Ni mpunga mbichi uliokaangwa ukatwangwa hadi ukawa bapa, na wenzangu hununua, wakatafuna, wakapanda basi. Mie husimama pale machozi yakinilenga, mpaka makondakta waniulize, "Mama vipi, umeibiwa simu?"

Sijaibiwa simu. Nimemkumbuka dada yangu Zuhura.

Kwetu deltani, mpunga ukitoa masuke kijiji kilibaki na wazee na kuku. Wengine wote tulihamia mashambani, ng'ambo ya mto, kila nyumba na dungu lake: kijumba cha miti kilichoinuliwa juu ya nguzo, maji yasitufikie wala nguruwe. Tuliishi humo hadi mavuno. Kazi ya siye watoto ilikuwa kuamia ndege, yaani kupiga kelele tangu alfajiri hadi magharibi na kuvuta kamba zilizofungwa makopo. Asiyewahi kuamia ndege hajui koo linavyochoka.

Zuhura hakuwa na nguvu za kelele. Macho yake yalikuwa na umanjano, na maumivu ya viungo yalimjia ghafla, yakamlaza, kisha yakaenda zake. Leo naujua ugonjwa ule, ni selimundu. Wakati ule kila mtu aliupa jina lake, na kila jina lilikuja na dawa yake chungu, na zote alikunywa yeye, masikini.

Vitabu vya shule vilibaki kijijini, na dada yangu alipenda kusoma kuliko kula. Basi akatunga cha kwake. Aliunganisha viganja vyake viwili, akavifungua mbele ya uso, akaniambia hiki ni kitabu cha ajabu, kila anayekisoma hukuta maneno yake mwenyewe. Yeye alikuta bweni la sekondari na kitanda chenye shuka nyeupe. Mie, siwafichi, nilikuta maandazi na samaki wa kukaanga, ukurasa hadi ukurasa. "Kitabu chako kinanuka mafuta," alinicheka.

Siku moja tulizama kusoma, ndege wakashuka. Mama akatokea na fimbo.

"Nyie! Mnafanya nini huko juu?"

"Tunasoma, mama," akajibu Zuhura, akamnyooshea viganja. "Hebu soma na wewe."

Mama hakuwahi kukaa darasani hata siku moja. Alivitazama weee, kisha akasema, "Naona ndege wameshiba na wanangu wanalia njaa. Mchuma janga hula na wa kwao!" Tulicheka mpaka na yeye akacheka, fimbo ikasahaulika.

Mavuno yalipokaribia maumivu yakarudi, na safari hii hayakwenda zake. Vidole vya Zuhura vikavimba, kifua kikambana. Baba alikuwa mbali, Kiongoroni, akikata mikoko. Asubuhi mjomba akaleta mtumbwi, tukampakia dada kumpeleka zahanati, kichwa chake mapajani mwa mama, miguu yake juu yangu. Jua lilikuwa kali na yeye alitetemeka kwa baridi.

Katikati ya mto mama akaichukua mikono ya Zuhura, akaviweka viganja pamoja, akaanza kusoma.

"Hapa pameandikwa Zuhura amepona. Hapa anakwenda sekondari. Hapa anaolewa, loo, nazi zote hizi za nini! Hapa ana watoto, mkubwa mtundu huyo, hataki kuoga..."

Alisoma akikwamakwama kama mtoto wa darasa la kwanza, kidole kikifuata mistari ya kiganja. Mie nikakasirika. Niliona mama anaharibu mchezo wetu.

"Siyo hivyo, mama! Humsomei mtu mwingine. Hayo ni yako, siyo ya Zuhura!"

Mjomba aliacha kupiga kasia. Kidole cha mama kikasimama katikati ya kiganja. Zuhura akanitazama, akasema polepole, "Najua ni ya mama. Mwache asome."

Mama akasoma. Wajukuu wakakua, nyumba ya bati ikasimama, Zuhura akazeeka akawa mkali kwa wakwe. Alisoma mpaka mtumbwi ukagusa tope la bandarini. Dada hakuwa anasikia tena, na sijui aliachia ukurasa gani.

Miaka mingi niliamini mama alimdanganya mgonjwa asiogope, na dada akadanganyika. Wahenga walisema uchungu wa mwana aujuaye ni mzazi, nami sikuujua mpaka nilipozaa, mwanangu akalemewa na homa, nikajikuta namwahidi baiskeli, shule na Dar es Salaam, huku mwenye kuhitaji kuzisikia ahadi zile nikiwa mimi. Aliponiitikia kwa kichwa nilitoka nje nikalia. Alipona, namshukuru Mungu.

Dada yangu hakudanganyika. Alijua anakokwenda, akaona mama atabaki na miaka mingi bila yeye, akamwacha aipitie yote pale mtumbwini wakati bado wako pamoja. Na vile vidole, jamani, kuvikunjua tu kulikuwa kunamtoa machozi. Njia nzima hakuvikunja.