Krak Iliyofunga Picha za Poni

Siku yangu ya kwanza katika duka la kuchapa na kutoa kopi mjini Arua, kaskazini mwa Uganda, Meneja alinipa flashi kabla hata ya kunipa kiti. "Dawa iko humu. Kompyuta ikilia leseni, unadunga."

Dawa yenyewe ni krak, yaani programu ndogo ya kuidanganya kompyuta iamini kwamba programu zake zimenunuliwa kihalali. Kabla ya kuifungua unazima antivairasi, mlinzi wa kompyuta dhidi ya virusi. Nikauliza, mbona dawa inataka askari alale kwanza?

Meneja akacheka mpaka wateja wakageuka. "We Drani, shule uliacha, maswali hukuacha!"

Nami nikacheka. Nilikuwa naota studio yangu mwenyewe, yenye taa kubwa na pazia la bluu.

Nikahamishiwa tawi la Koboko. Pale wengi wamevuka mpaka wa Sudan Kusini, na simu hupotea njiani, kwa hiyo wateja walituachia picha zao ndani ya kompyuta ya duka. "Tunza hapo," walisema, tukatunza. Mama Keji, muuza samaki wakavu kutoka Sudan Kusini, alikuwa na picha za bintiye Poni, aliyefariki kwa homa. Simu yake ilishakufa. Kila Jumapili baada ya ibada alikuja kuziangalia tu. Nilikuwa namsafishia moja kwenye kompyuta, nikiukuza uso na kutoa madoa, aiweke ukutani.

Asubuhi moja Meneja akaja na krak mpya. Nikamwomba tuhamishe picha kwanza.

"Wateja iko! Haraka!"

Akazima antivairasi, akadunga. Kufikia mchana kila faili lilikuwa limefungwa, hata kwenye diski ya akiba, maana iliachwa imechomekwa. Kwenye kioo wezi tusiowajua walikuwa wakidai malipo ili wazifungue. Meneja akafuta kila kitu, akadunga krak ileile tena.

Mama Keji akaja. "Hata moja hakuna?"

"Mama, picha ni picha," Meneja akamjibu. "Piga zingine."

"Nipige nani?"

Nilistaafu siku ile, kama kijana anaweza kustaafu. Sasa nalima karanga kijijini Abuku, na studio bado naiota. Ninyi mnaoanza kazi hii, kitu kikikuomba uzime mlinzi, ujue kinamwogopa.

Nikipita sokoni Koboko, Mama Keji hunivuta kando. "Wewe ulimtazama karibu, mwanangu. Nieleze."

Naeleza: kishimo cha shavuni, meno ya mbele yaliyoachana, kovu juu ya jicho.

Juzi akaniuliza kovu ni la jicho lipi. Nikasema la kushoto. Sina uhakika tena.