Kikombe cha Hugues na Bei ya Dola

Maman Antoinette anabadilisha pesa kando ya mpaka wa Rusizi ya Kwanza, mwaka wa kumi na tatu huu, na hajawahi kuishika zahabu hata punje. Lakini zahabu ndiyo inayompangia siku. Ikipanda bei huko Dubai, wachimbaji wa Kivu huileta kwa wingi, wanunuzi huhangaika kutafuta dola za kuwalipa, na dola hupanda. Ikishuka, dola nayo hulala.

Wenzake hawana habari na Dubai. Wanaangalia kikombe cha Hugues, mnunuzi wa zahabu anayevuka kutoka Bukavu kila asubuhi na kunywa chai kwenye kibanda kilicho kando ya benchi lao. Akinywa chai ya maziwa, zahabu imepanda. Akinywa chai kavu, isiyo na maziwa, imeanguka. Nani alianzisha elimu hiyo hajulikani, ila hakuna anayethubutu kutaja bei kabla Hugues hajaketi.

Jumanne moja Hugues aliagiza chai kavu.

"Batu yangu, tumekwisha," akasema Kabera, mkongwe wa benchi, akaanza kuuza dola zake kama samaki wa juzi. Saa moja haikupita, dola ilikuwa imepoteza faranga arobaini.

Antoinette peke yake ndiye aliyeuliza.

"Papa Hugues, zahabu iko namna gani?"

"Zahabu iko salama, Maman. Ni tumbo ndiyo inaniuma."

Basi akatoa faranga zote alizoweka kwa ajili ya mabati ya nyumba yake Gitambi, ambako mvua ilishaanza kumnyeshea kitandani, akanunua dola za wenzake.

"Utaezeka nyumba na dola, Maman?" Kabera akamcheka.

Hakujali, mpaka alipomwona Hugues mwenyewe anauza dola.

"Unauza za nini, na umesema zahabu iko salama?"

"Si unaona dola inaanguka? Kuna kitu banatuficha."

Antoinette akaona mabati yake yanapaa. Akaagiza chai ya maziwa, kikombe kikubwa, akalipa yeye.

"Maman, docteur alinikataza maziwa."

"Onja tu, Papa. Batu banakuangalia."

Hugues akameza. Benchi zima likasimama. Kabla hajakiweka kikombe mezani, dola ilikuwa imerudi ilikotoka. Kisha uso ukambadilika, akaruka kiti, akakimbilia choo cha nyuma.

"Muntu anakimbia namna ile," Kabera akanong'ona, "zahabu imepita hata bei ya jana."

Akaanza kununua. Wote wakanunua, wakisukumana, na Antoinette akawauzia dola zao wenyewe, mpaka zikatimia faranga za mabati, na za misumari juu yake.