Sauti Isiyokuwa ya Haruni

Udi ulikuwa unafuka chumbani. Mwaka ule wa mavuvuzela, yale matarumbeta ya mashabiki wa mpira, mjukuu wangu Rehema alikuja kwangu hapa mtaani Chatsworth na filamu ya zamani, opera, ule mchezo ambao watu wanaimba tangu mwanzo mpaka mwisho, hata wakichomana visu. Kwenye televisheni akatokea askari mweusi, mdomo wazi. Nikamjua papo hapo. Haruni.

Nilikuwa na miaka tisa, tunakaa mtaa wa Bluff, na Haruni alikuwa mchumba wa shangazi yangu Mwanaisha. Sauti yake ilikuwa bati linaloburutwa juu ya mawe. Lakini alikuwa mrefu, mzuri wa sura, kwa hiyo kwenye maulidi walimu walimweka mstari wa mbele, wakamwonya afungue mdomo tu asitoe kitu. Wageni walimsifu yeye.

Akaenda na meli mpaka Italia, akarudi baada ya miaka mitatu na suti, anasema ameigiza filamu nne. Bibi yangu hakumwamini. Aliibinya ile suti kama anayenunua kuku. Nami nilipekua sanduku la Haruni, nikitafuta ushahidi wowote, nikapata soksi.

Kisha filamu mojawapo ikaja kwenye bioskopu ya Wahindi mjini. Tukaenda wote. Kwenye pazia Haruni akafungua mdomo, ikatoka sauti nene, tamu, mpaka kiti kikatetemeka.

Tulipotoka Bibi akanigeukia mimi, maana mtoto hajui kuficha. "Zuhura, ile ni sauti ya Haruni?"

"Si yake, Bibi. Ameiba."

Haruni hakupandisha sauti. "Mama, sikusema ni yangu. Waimbaji wao wanaimba kwanza, mimi naleta mwili."

"Njia ya mwongo ni fupi," Bibi akasema. "Anayeazima sauti ataazima na mke."

Pete ikarudishwa wiki hiyo. Haruni akarudi melini. Shangazi hakuolewa maisha yake yote. Nimemzika mimi, na siku zote sikuwahi kumwomba radhi.

Basi siku ile, mbele ya televisheni, Rehema akaniambia ndivyo zilivyotengenezwa filamu zile: mwimbaji mmoja, mwigizaji mwingine. Sikumwamini, watoto wa siku hizi wanajua kila kitu. Nikamwambia airudishe nyuma. Nikatazama shingo ya Haruni. Kabla ya kila neno pumzi inaingia, bega linapanda, mshipa unasimama. Vile vile kama kwenye maulidi.

Kazi ile sisi ndio tuliomfundisha. Halafu tukamnyima mke kwa kuijua.